Neno la Kuandika Chini ya Jina

Kila mwaka, shule zetu zinapokaribia kuwaaga wanafunzi wa darasa la mwisho, kazi huwa nyingi. Uwanja hufagiliwa, michango hukusanywa, nyimbo hufundishwa, na wazazi huandikiwa barua za mwaliko. Katika kazi hizo zote imo moja ndogo ambayo watu wengi hudhani ni mchezo wa watoto, nayo ndiyo tutakayo kuizungumza leo. Ni kazi ya kuchagua neno. Maana siku hizi shule nyingi hutengeneza kitabu cha mahafali, na ndani yake kila mwanafunzi hutiwa picha yake, jina lake, kijiji atokako, na chini ya hayo sentensi moja aliyoichagua mwenyewe. Na pasipokuwa na fedha za kupiga chapa kitabu, wanafunzi hununua madaftari wakayapitisha mkono kwa mkono, kila mmoja akamwandikia mwenziwe neno la kuagana.

Sisi tufundishao hapa Mamboya, katika milima ya Ukaguru, wilaya ya Kilosa, tumeketi na watoto wengi waliokuwa na kalamu mkononi wasijue waandike nini. Somo hili halimo katika ratiba, wala halina mtihani. Lakini latuonyesha upesi kuliko mtihani kama mtoto amejifunza kupima maneno, ama amejifunza kuyarudia tu.

Huenda mtu akauliza, "Sentensi moja chini ya picha ina nini hata mwalimu apoteze siku nzima?" Twamjibu kwamba neno fupi lililochaguliwa vema hukaa muda mrefu kuliko hotuba. Tutazame nchi yetu wenyewe. Katika nembo ya Tanzania yameandikwa maneno matatu tu, Uhuru na Umoja. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilichagua maneno matatu vilevile, Hekima ni Uhuru. Shule ya Alliance, iliyofunguliwa Kikuyu nchini Kenya mwaka 1926, ilichagua maneno machache ya Kiingereza ambayo maana yake ni kuwa na nguvu ili kutumika. Anayeyasoma hayo aelewa kwamba nguvu zile si za kujionea fahari, bali ni za kuwafaa wengine. Mwanafunzi aliyepita pale aweza kusahau hesabu zake, lakini neno la shule yake halisahau.

Tena wazee wetu wakumbuka mwaka 1973, serikali ilipoeneza kwa redio na kwa madarasa ya watu wazima kampeni iliyoitwa Mtu ni Afya. Yapata watu milioni mbili walishiriki katika vikundi vya kujifunza. Walisikiliza, wakasoma vijitabu, wakazungumza, kisha wakaondoka kwenda kuchimba vyoo, kufyeka majani karibu na nyumba, na kufukia madimbwi ya maji yanayozaa mbu. Kwa nini maneno yale yalishika? Kwanza yalikuwa mafupi. Pili yalisemwa kwa lugha ya watu. Tatu, na hili ndilo kubwa, nyuma ya neno palikuwa na jembe. Neno lisilo na kazi nyuma yake ni kama ngoma, lavuma na ndani ni tupu.

Na akina mama walikuwa wameijua elimu hii kabla yetu sisi walimu. Mwanamke aendapo dukani kununua kanga hatazami rangi na maua peke yake. Huikunjua, akatafuta maandishi yaliyo chini ya picha ya katikati, akayasoma, na kama hajui kusoma humwomba mwenye duka amsomee. Maandishi hayo huitwa jina la kanga. Hapo zamani yaliandikwa kwa herufi za Kiarabu, na baadaye kwa herufi hizi tuzitumiazo. Mama hujua kwamba akiivaa kanga ile watu watadhani neno lile ni lake, na akimpa mtu zawadi, neno litafika kabla ya nguo. Iko kanga ya kumpongeza bibi arusi, iko ya kumshukuru mama, na iko ya kumchoma jirani bila kumtaja. Ndiyo maana doti moja yaweza kupatanisha nyumba mbili, na nyingine yaweza kuzigombanisha. Basi kama mama hupima hivyo neno la nguo itakayochakaa, je, mtoto asipime neno la kitabu kitakachotunzwa sandukuni hata wajukuu wake wakisome?

Sasa tutaje makosa tuliyoyaona mara nyingi katika kuchagua, ili wazazi na walimu wenzetu wapate kuwasaidia watoto.

La kwanza ni kuchukua neno pasipo kumjua mwenyewe. Watoto wa siku hizi hupata maneno katika simu, nayo huja yamekwisha kutiwa jina la mtu mkubwa chini yake. Hili lataka uangalifu. Mfano ulio wazi ni maneno marefu juu ya hofu na nuru yaliyomo ndani yetu, ambayo yamesambaa dunia nzima kwa jina la Nelson Mandela, na watu husema aliyatamka siku alipoapishwa kuwa Rais wa Afrika Kusini, tarehe 10 Mei 1994. Hakuyatamka siku ile. Ni maneno ya mwandishi mmoja wa Marekani, Marianne Williamson, yaliyomo katika kitabu chake kilichotoka mwaka 1992. Hata Mwalimu Nyerere hupewa maneno mengi ambayo hakuna aonyeshaye aliyasema wapi wala lini. Shauri letu ni hili: kama mtoto hawezi kuonyesha kitabu au hotuba lilimotoka neno, asiandike jina la mtu chini yake. Kumwekea mtu mdomoni neno asilolisema ni uongo, hata kama neno lenyewe ni zuri.

La pili ni kukata aya kutoka sura yake. Sisi wasomaji wa Biblia twapenda kuchagua aya kwa ajili ya watoto wetu, na ni desturi njema. Aya inayopendwa kuliko nyingine siku za mahafali ni ya Yeremia, sura ya 29, aya ya 11. Wengi huiandika wakidhani ni ahadi ya mambo mema ya karibuni. Lakini sura ile ni barua waliyopelekewa watu waliochukuliwa mateka Babeli, na aya ya 10 iliyo juu yake yawaambia wangoje miaka 70. Hapo mwanzo wa barua waliambiwa wajenge nyumba, wapande bustani, na kuutakia heri mji ule wa ugenini. Tukiisoma sura yote twaona kwamba ile aya haikuwa ya watu walioshinda jana, bali ya watu waliotakiwa kufanya kazi na kungoja. Mtoto akiisoma hivyo, itamfaa maradufu. Ikiwa atafaulu, atajua kwamba kazi ingali mbele. Ikiwa hakufaulu, aya yake haitamsuta.

La tatu ni kuandika methali bila kuipima. Methali zetu ni hazina kubwa. Mapema sana watu waliona thamani yake. Mmisionari W. E. Taylor, wa chama cha CMS kule Mombasa, alitoa kitabu kizima cha methali za Waswahili mwaka 1891. Lakini hazina nayo ina visu ndani yake. Tumeona mtoto ameandika chini ya jina lake, "Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu." Tulimwuliza, "Je, mama yako hakukufunza?" Akastaajabu, kwa maana hakuona kwamba amemsema mama yake mbele ya kijiji kizima. Mwingine huandika, "Haba na haba hujaza kibaba," naye hajui kibaba ni nini. Ni kipimo cha zamani cha nafaka, na vibaba vinne ni pishi moja. Mtoto aliyekwisha kufahamu hayo huandika methali ile kwa moyo mwingine, kwa kuwa amwona bibi yake akipima mtama, na si maneno matupu tena.

Iko pia methali ipendwayo na kila shule, "Penye nia pana njia." Hatuikatai. Walakini tumewaona watoto wenye nia kama chuma ambao njia yao ilifungwa na ugonjwa wa mzazi, au na mahindi yaliyokauka shambani. Mtoto aweza kujiandikia methali hiyo ili ajitie moyo. Lakini asimwandikie mwenzake aliyezuiliwa na umaskini, kwa kuwa kwake itasomeka kana kwamba hakutaka. Neno lililo dawa kwa mmoja laweza kuwa sumu kwa mwingine, na tofauti iko katika mkono ulioandika na jicho linalosoma.

La nne ni majivuno. Kitabu cha mahafali hupigwa chapa kabla ya majibu ya mtihani. Jambo hili ni dogo kulitaja, lakini lina uzito. Aandikaye leo kwamba yeye ni simba asiyeshindwa hajui miezi michache ijayo italeta nini, na kitabu hakirudishwi kiwandani kufutwa. Majibu yakiwa mabaya, wenzake watamsomea neno lake kila wakutanapo kisimani. Basi twawaambia watoto wachague neno linaloweza kusimama katika siku mbili, siku ya kufaulu na siku ya kuanguka. "Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi" ni neno la namna hiyo. Mhunzi hushika chuma cha moto kwa koleo. Likivunjika, kazi husimama kwa siku moja, lakini ujuzi wa mhunzi haukuvunjika, naye aweza kufua koleo jingine. "Mtaka cha mvunguni sharti ainame" nalo ni neno la siku zote mbili, kwa kuwa aliyefaulu ahitaji kuinama, na aliyeanguka vilevile.

Yatubakia swali la lugha. Wako wanafunzi waonao kwamba neno halina heshima isipokuwa liwe la Kiingereza. Tukiwaomba wafasiri, hunyamaza. Sisi twasema, andika kwa lugha ambayo waweza kulieleza neno lako mbele ya mama yako bila kugugumia. Kwa wengi ni Kiswahili. Na kama neno lililokulea nyumbani ni la Kikaguru, liandike kwa Kikaguru, kisha utie maana yake kwa Kiswahili, ili na wenzio watokao makabila mengine wapate kufaidi. Usione haya. Lugha yetu iliandikwa siku nyingi. J. T. Last, mmisionari wa CMS aliyekaa hapa Mamboya katika miaka ya mwanzo ya kazi ya misheni, alitunga sarufi ya Kikaguru iliyopigwa chapa mwaka 1886. Maneno yaliyomo yalitoka vinywani mwa watu wa milima hii. Kama maneno ya babu zetu yalistahili kuvuka bahari, yastahili pia kukaa chini ya picha ya mjukuu.

Tusimulie sasa habari ya mwanafunzi mmoja, ambayo ilitufundisha jambo hili kuliko vitabu. Hatutamtaja jina, naye atutolee radhi.

Msichana huyo alilelewa na bibi yake. Bibi alilima maharagwe na mahindi, akayachukua kichwani mpaka gulioni, na fedha yake ndiyo iliyonunua madaftari na sare. Mjomba wake alikuwa na uwezo kuliko bibi, lakini siku moja alisema mbele ya watu kwamba hatatoa hata senti moja kwa ajili ya mtoto wa kike atakayeolewa kesho. Wasomaji walio Wakaguru wajua uzito wa tamko hilo. Ukoo wetu huhesabiwa kwa upande wa mama, na mjomba ndiye mkono wa mtoto. Mjomba akikunja mkono, mtoto hana wa kumwendea.

Siku ya kuandika maneno, msichana alituletea karatasi yake. Alikuwa ameandika, "Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki." Kwa mgeni neno hilo ni jema, tena ni la kweli. Lakini kijiji hiki si cha wageni. Kila mtu angalijua lamwendea nani. Ilikuwa ni kanga ya kumchoma jirani, imeandikwa katika kitabu cha shule.

Hatukumkemea, maana hakusema uongo. Tulimwuliza tu, "Neno hili wamwandikia nani?"

Akanyamaza kitambo, kisha akasema, "Mwalimu, namwandikia bibi. Nataka ajue kwamba nimeona."

Tukamwambia, "Kama ni la bibi, mbona bibi hayumo? Atakayejiona humo ni mjomba peke yake. Umempa yule aliyekunyima nafasi ambayo ni haki ya yule aliyekupa."

Alirudi kuketi. Wenzake walimaliza wakaenda zao, jua likashuka, naye yu palepale, aandika na kufuta. Mwisho alituletea karatasi iliyokuwa karibu kutoboka kwa kufutwa. Hapakuwa na methali tena, wala jina la mtu mkubwa, wala maneno ya simu. Palikuwa na maneno manne aliyoyatunga mwenyewe: "Bibi alilima, mimi nikasoma."

Hatukuongeza hata nukta.

Siku ya mahafali, kitabu kilisomwa mbele ya wazazi, jina kwa jina. Jina la msichana lilipofika na neno lake likasomwa, bibi hakujua kwamba atajwa yeye, kwa kuwa hakujua kusoma na kitabu hakukiona. Jirani alimgusa bega. Bibi akasimama, akasema kwa sauti, "Hebu nisomeeni tena." Msomaji akasoma mara ya pili. Bibi akaketi, akajifunika uso kwa upindo wa kanga. Mjomba naye alikuwapo. Hakutajwa, wala hakuna aliyemgeukia. Hatujui aliwaza nini, wala si kazi yetu kujua. Lakini alisikia maneno yale manne, na hakupata katika hayo hata herufi moja ya kugombana nayo.

Wasomaji wapenzi, tazameni nguvu ya neno lile. Lile la kwanza lilikuwa la kweli, lakini lilielekezwa kwa mtu wa kuumizwa. Lile la pili lilikuwa la kweli vilevile, likaelekezwa kwa mtu wa kushukuriwa. Kweli ni moja, ila yaweza kushikwa kwa makali au kwa mpini. Na ile ya pili ina sifa zote tulizozitaja. Ni fupi, ni ya lugha ya watu, mwenyewe ajulikana, na nyuma yake pana jembe. Ilikuwa kweli kabla ya majibu ya mtihani, na baada ya majibu itakuwa kweli pia, maana hakuna karatasi ya mtihani iwezayo kufuta kwamba bibi alilima na mtoto akasoma.

Basi twawapa walimu wenzetu na wazazi maswali manne ya kumwuliza mtoto atakapoleta neno lake. Neno hili limetoka kwa nani, nawe wajuaje? Waweza kulieleza kwa mfano wa maisha yako mwenyewe? Ukisomewa miaka 20 ijayo mbele ya watoto wako, utainua uso au utauinamisha? Na nani atakayefurahi kulisoma, na nani atakayeumia? Akiyajibu yote manne, mwacheni aandike, hata kama neno lake si lile mlilolipenda ninyi. Asipoweza, msimwandikie. Mpeni siku moja nyingine akafikiri. Tumeona kwamba siku hiyo moja yatosha mara nyingi.

Nanyi wanafunzi mnaoondoka mwaka huu, wengine kwenda Kilosa, wengine Morogoro na Dodoma, na wengine kubaki hapa mkishika jembe lililosomesha watu wengi, kumbukeni kwamba picha yenu itachakaa na sura zenu zitabadilika. Mtu atakayefungua kitabu kile siku za mbele huenda asiwatambue kwa uso. Atasoma neno lililo chini ya jina, na kwa hilo atajua mlikuwa watu wa namna gani. Chagueni polepole, na kabla ya kulipeleka kwa mpiga chapa, lisomeni kwa sauti mbele ya yule aliyewasomesha.